Swali la Riba la Kasuku

Wodi ya Koo, kitanda namba saba
4 Februari

Baba Kasuku,

Nimenyamazishwa rasmi. Daktari ameandika kwa wino mwekundu kwenye karatasi iliyoning'inia kitandani kwangu: ASIONGEE. Mimi, mwalimu wa hesabu niliyepaza sauti juu ya watoto sitini miaka yote hii, leo naomba maji kwa kuonyesha kidole. Mama wa kitanda cha pili anadhani nimezaliwa bubu. Ananionea huruma kwa kelele, maana anadhani pia sisikii.

Sasa nikupe habari yenyewe, uisome ukiwa umekaa. Huu ukwaruzo wa sauti yangu si mafua wala vumbi la chaki. Kuna uvimbe kwenye nyuzi za sauti. Si ule ugonjwa tuliokuwa tunauogopa, kwa hilo tumshukuru Mungu. Lakini usipotolewa mapema sauti itakwenda moja kwa moja, na baadaye hata kuvuta pumzi kutakuwa kazi. Wanaweza kunipasua mwezi huu huu. Gharama yote, pamoja na mazoezi ya koo na siku za kulala hapa, ni milioni tatu na laki moja. Sisi tuna laki tano.

Nakujua. Hapo ulipo umeshaanza kupiga hesabu ya mtu wa kumwendea. Usikope. Nimekusimulia jinsi baba yangu alivyokuwa akikimbilia stoo kila akisikia hatua za mgeni, na mimi natumwa nje kusema hayupo. Sitaki Kasuku wetu aje kutumwa kusema hupo. Heri ninong'one maisha yangu yote.

Nenda shuleni, uonane na Mwalimu Mkuu, upeleke ombi kwenye mfuko wa walimu. Nimeuchangia tangu nilipoajiriwa na sijawahi kuugusa. Wakikataa, njoo unichukue.

Msalimie mwanangu. Mwambie kwa mara ya kwanza katika historia ya nyumba yetu ndiye anayeongea zaidi.

Mkeo,
Mama Kasuku


Karakana
9 Februari

Mwalimu wangu,

Barua yako nimeisoma nikiwa nimekaa, kama ulivyoagiza. Nilikaa juu ya geti la mteja, na geti lilikuwa na rangi mbichi. Suruali ya kijivu uihesabu imekwenda.

Habari ni njema. Nimeonana na Mwalimu Mkuu. Mfuko umekubali kulipa chote kilichopungua. Chote! Kwa hiyo ondoa wasiwasi, waambie waandike jina lako kwenye orodha ya upasuaji. Fedha zitafika kabla ya siku yenyewe, nitazileta kwa mkono wangu.

Ukiona sijibu ujumbe wa simu, usishtuke. Simu imetumbukia kwenye ndoo ya maji ya kupozea vyuma. Tuendelee na barua, dereva wa basi ananifahamu na zinafika kesho yake.

Sasa kuna jambo dogo. Kasuku amerudi na swali la shule, nami nimelihangaikia mpaka kichwa kimepata moto kuliko mashine ya kuchomelea. Nakuandikia kama lilivyo:

Mtu anahitaji 2,400,000 kwa mwaka mmoja. Wapo wakopeshaji watatu. Wa kwanza anatoza riba ya asilimia 8 kwa mwaka, wa pili asilimia 12, wa tatu asilimia 20. Riba yenyewe ni ya kawaida, haizai riba nyingine. Wa kwanza ni mgumu, hatoi mpaka umtajie kiasi kamili na umweleze kwa nini kiwe hicho. Wa pili atatoa mara mbili ya atakachotoa wa kwanza, haongezi wala hapunguzi. Wa tatu atatoa chochote kitakachobaki. Huyo mtu akijibana sana ataweza kulipa riba ya 340,000 kwa mwaka, zaidi ya hapo hawezi. Je, akaombe kiasi gani kwa kila mmoja?

Jibu linatakiwa haraka, na njia ionekane. Mwalimu wao ni mkali.

Mumeo,
Fundi


Wodi ya Koo
12 Februari

Baba Kasuku,

Nimelia mpaka mama wa kitanda cha pili akaita nesi. Nikaandika kwenye karatasi: ni furaha. Akasoma, akalia na yeye.

Miaka yote wakikata mchango wa ule mfuko kwenye mshahara wangu nilikuwa najiuliza fedha zinakwenda wapi. Kumbe zinakwenda kwa watu. Humu ndani nimeweka barua ya shukrani kwa Mwalimu Mkuu na walimu wote. Mkabidhi mwenyewe mkononi, usiitume kwa mtu.

Sasa mpe Kasuku ukurasa huu asome.

Mwanangu, usikimbilie kuandika herufi za kutafuta kisichojulikana. Anza kwa kujifanya umekosa akili, uchukue fedha zote kwa yule aliye ghali. Asilimia 20 ya 2,400,000 ni 480,000. Lakini mtu wetu anaweza kulipa 340,000 tu. Amezidisha 140,000, na hizo ndizo za kuokoa.

Sasa hamisha mia moja kutoka kwa yule ghali uipeleke kwa yule wa kwanza. Pale ilikuwa inazaa ishirini, hapa inazaa nane. Umeokoa kumi na mbili. Lakini ile mia haiendi peke yake, kwa sababu wa pili ameahidi kutoa mara mbili, kwa hiyo inakwenda na mia mbili nyingine kwake. Kila moja kati ya hizo ilikuwa inazaa ishirini, sasa inazaa kumi na mbili. Umeokoa nane na nane, yaani kumi na sita. Jumla, kila mia ya wa kwanza inakuokolea ishirini na nane.

Gawa 140,000 kwa 28. Unapata 5,000. Mia moja mara 5,000 ni 500,000. Basi aombe 500,000 kwa wa kwanza, wa pili atampa 1,000,000, na kilichobaki kwa wa tatu ni 900,000. Sasa rudi uhakikishe, mwanafunzi asiyehakikisha simpi alama: riba ya wa kwanza 40,000, ya wa pili 120,000, ya wa tatu 180,000. Jumla 340,000. Umemaliza, nenda kaoshe vyombo.

Baba Kasuku, hivi hili swali limetoka kitabu gani? Mimi nimefundisha riba mpaka naiota, na sijawahi kuona swali kama hili. Wakopeshaji wa vitabuni hawana tabia, wana asilimia tu. Huyu mtunzi ana mmoja mgumu na mmoja wa mara mbili. Na mtu gani wa kitabuni "anajibana sana"? Nimempenda huyo mtu. Nitafutie hicho kitabu.

Mkeo mwenye furaha,
Mama Kasuku


Karakana
17 Februari

Mwalimu wangu,

Jibu limepita! Limekubaliwa lote kama ulivyoandika. Kwanza walitaka kuleta ubishi kwamba iwe laki nne, lakini njia yako iliposomwa mbele ya wote wakanyamaza.

Kitabu sijakipata. Kasuku anasema ni karatasi tu waliyogawiwa.

Barua ya Mwalimu Mkuu nimeifikisha mkononi, kama ulivyosema.

Fedha ziko tayari. Nitapanda basi la alfajiri siku ya upasuaji, nilipe, nikuone, nirudi jioni. Nina madirisha sita ya watu na siku hizi sichagui kazi, nimechukua hata vibanda vya kuku. Kibanda cha kuku nacho ni chuma.

Usiogope. Ukiogopa, hesabu chochote.

Mumeo,
Fundi


Nyumbani
28 Februari

Mama mpenzi shikamoo,

Baba amesema umepasuliwa salama na uvimbe umetoka wote, na kwamba bado huruhusiwi kuongea mpaka waseme wenyewe. Mimi ningekufa. Naandika bila baba kujua kwa sababu yeye akiandika ananiachia mistari miwili tu chini na hainitoshi.

Mimi sijambo. Naosha vyombo, napika, naamka mwenyewe. Baba siku hizi anafanya kazi mpaka Jumapili, na alikataa kununua soli za viatu vyake, amekata tairi akaweka. Anatembea anaacha alama kama gari.

Mama, asante kwa ukurasa wa riba, ni mzuri, lakini sijui kwa nini uliniandikia. Sisi bado tuko kwenye hesabu za sehemu. Riba ni muhula wa tatu. Nilimwambia baba, akasema kujua mapema hakudhuru, halafu akaichukua ile barua akaenda nayo kwenye kikao cha chama chake cha mafundi. Sasa mafundi wanataka kujua riba yangu ya nini?

Jambo lingine. Simu ya baba anayo kinyozi wa kona. Niliitambua kwa ule ufa. Nikamuuliza kama imekauka. Akasema haijawahi kulowa, ameinunua.

Jambo lingine tena. Yule mzee anayekopesha watu kupitia dirishani, tunamwita Bwana Dirisha, alikuja karakana na miwani yake akaandika namba ya mashine ya baba kwenye daftari. Nilipouliza baba akasema mzee anapenda namba.

Rudi upesi. Nina mengi ya kukwambia ambayo hayafai kuandikwa.

Mwanao,
Kasuku


Wodi ya Koo
4 Machi

Baba Kasuku,

Hii ni barua ya pili. Ya kwanza ilikuwa ya ugomvi, nimeichana.

Mtoto ameniandikia. Usimgombeze, hajui alichosema. Ameniambia wako kwenye sehemu, na ameniambia simu iko kwa kinyozi. Mengine nimeyatafuta mwenyewe, maana hapa sina kazi nyingine.

Milioni tatu na laki moja, toa laki tano zetu, inabaki milioni mbili na laki sita. Swali lilisema milioni mbili na laki nne. Zile laki mbili nimezitafuta nusu siku nzima. Kumbe ziko kona, kinyozi anapigia watu simu.

Kwa hiyo nililala hapa chini ya shuka la hospitali, nikaligawa deni la koo langu mwenyewe kwa watu watatu, nikahakikisha jibu, nikamsifu na mtunzi. Tena nikaagiza na kitabu! Kama ningeruhusiwa kucheka siku ile, wodi nzima ingeamka.

Siku ya upasuaji nilipofumbua macho nilikukuta umekaa kwenye kiti cha plastiki, umeshika viatu vyangu mapajani kama mtu aliyeshika mtoto. Ulikuwa umeinamisha kichwa. Nilidhani ni harufu ya dawa imekuchosha. Sasa najua ulikuwa umetoka dirisha la malipo muda si mrefu, umeacha pale mwaka mzima wa kazi yako.

Nilikukataza kukopa kwa sababu ya hofu yangu mimi. Sikukuuliza wewe unaogopa nini. Nilikuwa tayari kukuachia mke anayenong'ona, kisha asiyepumua vizuri, ili tu mimi nisiitwe mdaiwa. Ulinidanganya, na tutaongea juu ya hilo nitakaporuhusiwa, tena kwa kirefu. Lakini kabla ya hayo: nilisema nimempenda yule mtu anayejibana. Bado nampenda.

Siwezi kuisema, kwa hiyo naiandika kubwa: ASANTE.

Sasa niambie hao watatu ni akina nani na mashine imewekwa rehani vipi. Usinifiche hata senti. Jibu nililitafuta mimi, na deni ni langu pia. Niambie na jambo moja linaloninyima raha: ile barua yangu kwa Mwalimu Mkuu, uliipeleka kweli? Maana kama uliipeleka, nimewashukuru watu kwa kitu ambacho hawakukifanya, na sijui nitapita vipi getini pa shule.

Mkeo,
Mama Kasuku


Karakana
9 Machi

Mwalimu wangu,

Barua yako imenikuta nimevaa miwani ya kuchomelea, na namshukuru Mungu, kwa sababu mteja alikuwa amesimama hapo.

Nakuambia yote. Nilianzia shuleni, kama ulivyosema. Mwalimu Mkuu alinipokea vizuri, akanipa kiti, akasema mfuko umebaki jina. Waliukopesha kwa ukarabati wa paa na haujarudi. Alisikitika sana, na nilimwona anasikitika. Nilitoka pale nikakaa kwenye benchi la wanafunzi, lile fupi, magoti yamefika kidevuni, nikasema: nikimwandikia kwamba wamekataa, ataniambia nikamchukue. Sikuweza. Ndipo nikauza simu.

Wa kwanza ni chama chetu cha mafundi. Unawajua, hawatoi fedha bila maneno. Nilipowaambia laki tano, mwenyekiti akasema:

"Kwa nini tano? Chukua nne, tumalize kikao."

Nikamwambia, "Nikichukua nne, muuza vyuma atanipa nane, na kwa Dirisha nitachukua milioni moja na laki mbili. Riba inafika 368,000. Siiwezi."

"Nani kakupigia hesabu hiyo?"

Nikatoa ukurasa wako nikawasomea wote, na ile ya kuosha vyombo nikaisoma. Mweka hazina wetu, yule fundi wa rangi, akachukua kalamu ya seremala akaihesabu upya juu ya kipande cha ubao. Alipomaliza akasema, "Huyu mama ndiye aliyemfundisha binti yangu kugawanya, wakati mimi nilishakata tamaa naye. Mpeni tano." Wakanipa tano.

Wa pili ni muuza vyuma. Alikuwa ameshaniahidi: "Wenzako wakikuamini kwa moja, mimi nakuamini kwa mbili." Nilipomwambia wametoa laki tano akatoa milioni hapo hapo, akahesabu mara moja tu. Halafu akaniongezea pakiti ya vijiti vya kuchomelea. Nikamuuliza hii nayo ina riba? Akasema niondoke kabla hajabadili mawazo.

Wa tatu ni Bwana Dirisha. Zile grili za chuma za dirisha analokopeshea watu nilizichomelea mimi mwenyewe miaka ile, na ni imara kweli, huwezi hata kupenyeza mkono wa pili kumsihi. Mashine inabaki karakana, naifanyia kazi, ila mwaka ukiisha sijamaliza, anaichukua. Hilo ndilo linaloniamsha alfajiri. Nilipotia sahihi alinitazama juu ya miwani akasema, "Mwambie mgonjwa apone." Basi. Sikutegemea.

Na barua yako. Ndiyo, niliipeleka. Ilikaa kwenye mfuko wa ovaroli siku mbili tatu. Kuichoma ningeweza, moto ndiyo kazi yangu. Lakini ilikuwa ni shukrani, na ni mwandiko wako, na wakati ule sikujua kama ungetoka kule salama. Nani anachoma kitu cha namna hiyo? Nikamkabidhi Mwalimu Mkuu mkononi, nikaondoka mbio kabla hajafungua bahasha. Tangu hapo nikimwona barabarani nachepuka.

Nisamehe kwa uongo. Kwa mkopo siombi msamaha.

Mumeo,
Fundi


Ofisi ya Mwalimu Mkuu
15 Machi

Mwalimu mwenzangu,

Natumaini unaendelea kupata nafuu.

Barua yako ilinikuta peke yangu ofisini. Unatushukuru kwa kulipa gharama za matibabu yako. Hatukulipa hata senti moja. Mara ya kwanza nilidhani unatukejeli, nikakasirika. Nikaisoma tena, nikaona hakuna kejeli ndani yake, hata tone. Umewataja walimu wote mmoja mmoja, na mpishi, na mlinzi. Nikaelewa kwamba mumeo alikuficha jambo, nikaelewa na sababu.

Niliifungia kwenye droo. Lilikuwa kosa, kwa sababu kwenye droo hiyo hiyo naweka gundi na pini, na kila nikitafuta pini nakutana na shukrani. Nilivumilia kwa muda. Halafu siku ya kikao cha walimu nikaitoa nikaisoma kwa sauti, kuanzia salamu hadi sahihi yako. Sikuongeza neno langu hata moja.

Watu walitazama meza. Nilipofika kwenye mstari unaosema kumbe michango yetu inakwenda kwa watu, mwalimu wa michezo alisimama, na nilidhani anatoka nje kwa hasira. Aliweka noti mezani. Akasema, "Mimi sitaki kushukuriwa bure." Wa pili alikuwa mlinzi, ambaye hata si mjumbe wa kikao, alikuwa ameleta funguo tu. Baada ya hapo sikuona nani alifuata nani. Wengine walileta siku iliyofuata, na mama mmoja mzazi alisikia akaleta.

Zimefika 450,000. Naomba uelewe kwamba huu si mfuko. Mfuko bado hauna kitu. Hii ni mifuko ya watu.

Nilimpelekea mumeo karakana mwenyewe, maana niligundua ananikwepa. Alikataa kupokea. Alisema ameshatushukuru mara moja kwa uongo na hajui atatushukuru vipi kwa kweli. Nilimwambia hiyo ni shida yake, nikaziacha juu ya kibanda cha kuku.

Kuhusu kazi. Darasa la watoto sitini sitakupangia tena, hata daktari wako akiandika kwa wino wa dhahabu. Kuna watoto kumi na wawili ambao hesabu zimewashinda kabisa. Utakaa nao kwenye chumba cha maktaba, ambacho ni kidogo kiasi kwamba hata mnong'ono unafika ukutani.

Na tafadhali, usituandikie barua nyingine ya shukrani. Hata ile ya kwanza hatujamaliza kuilipa.

Wako katika kazi,
Mwalimu Mkuu


Wodi ya Koo
20 Machi

Baba Kasuku,

Nimemtii Mwalimu Mkuu, sijamjibu. Nimeweka karatasi mbele yangu mara tatu na nimeirudisha mara tatu. Sijawahi kupewa adhabu ngumu kama hii.

Kwanza kazi, halafu mengine.

Zile 450,000 usizigawe kwa watatu, najua ndivyo unavyotaka, ili kila mmoja aone umemkumbuka. Zote zipeleke kwa Bwana Dirisha. Ndiye ghali, na ndiye mwenye mashine. Deni lake la 900,000 linazaa 15,000 kila mwezi. Mwezi mmoja umekwisha, hiyo 15,000 ni halali yake. Ukipunguza deni kwa nusu leo, miezi kumi na mmoja iliyobaki itazaa 7,500 tu kila mmoja, yaani 82,500. Jumla yake yote ni 97,500 badala ya 180,000. Chama na muuza vyuma wanabaki na zao zile zile, 40,000 na 120,000. Kwa hiyo riba ya mwaka imeshuka kutoka 340,000 hadi 257,500, na huyo mtu wetu anaweza kuacha kujibana kidogo. Anunue soli. Nakusihi, anunue soli.

Kabla ya kumpa fedha, muulize Dirisha kama yuko radhi kupokea mapema na kuhesabu hivyo, na aandike. Mtu aliyesema "mwambie mgonjwa apone" hatakataa, lakini aandike.

Mwezi ujao mshahara wangu ukianza tena, nitakaa na wewe mezani tupange. Na mtu yeyote akija mlangoni kudai, Kasuku aseme ukweli: baba yupo, mama yupo, karibu ndani. Nimeliogopa jambo hili tangu utotoni, na sasa nikiwaza hao wadai wetu wenyewe, mmoja kakuongezea pakiti ya vijiti, mmoja kasimama na kalamu ya seremala kunihakikishia jibu, naona aibu kwamba niliwahi kuwaogopa kabla sijawajua. Nitawapitia wote watatu. Hao hawajanikataza kushukuru.

Sasa mengine. Jana daktari alinikalisha kwenye kiti akaniambia nitamke "aa". Niliogopa kuliko siku ya kisu. Nikatamka. Ilitoka sauti nisiyoijua, nzito, ya chini, kama ya mtu mzima wa kiume aliyeamka sasa hivi. Mama wa kitanda cha pili akashtuka, akasema, "Kumbe unaongea!" Halafu akasema, "Kumbe unasikia!" Akaanza kuomba radhi kwa yote aliyowahi kunisengenya mbele yangu. Nikacheka, na kicheko nacho kikatoka kizito.

Daktari anasema itasafika kidogo, lakini ile ya zamani isitegemewe. Nyimbo hapana. Kupaza sauti hapana. Kuongea kama watu wanavyoongea, ndiyo, siku zote. Nilitembea kwenye korido mpaka mwisho na kurudi nikijisemea majedwali ya kuzidisha, kwa raha tu, mpaka nesi akanirudisha kitandani.

Wameniruhusu. Nakuja Jumamosi kwa basi la asubuhi. Usije kunipokea stendi, maliza madirisha ya watu. Nitafika mlangoni mwenyewe na nitapiga hodi. Utasikia sauti ya mtu usiyemjua. Usiulize nani. Wewe itikia karibu tu, kama unavyoniitikia siku zote.

Mkeo,
Mama Kasuku